"Stelingi Hafi": Maisha ya Bruce Lee baina ya Wasifu na Masimulizi ya Kumbi za Video za Baba Dogo, Nairobi

IKISIRI

Makala haya yanachunguza maisha ya Bruce Lee (1940–1973), mwalimu wa sanaa za mapigano aliyekuja kuwa mwigizaji wa filamu na mjasiriamali. Maisha hayo yanasomwa kwa njia mbili. Kwanza ni kama wasifu, yaani mfululizo wa matukio yenye tarehe na ushahidi. Pili ni kama masimulizi ya shujaa, jinsi yanavyosikika katika mitaa ya Eastlands jijini Nairobi, hususan Baba Dogo. Hoja kuu ni kwamba masimulizi ya mitaani yamemvika Bruce Lee vazi la shujaa wa utendi, na kwamba vazi hilo, licha ya uzuri wake, limefunika sehemu ya maisha yake iliyo na manufaa zaidi kwa kijana wa mtaa: ualimu, jeraha, uandishi na jitihada za kumiliki kazi yake mwenyewe. Makala yanapendekeza kwamba msimulizi wa filamu achunguzwe kama fanani kamili wa fasihi simulizi, na kwa sababu hiyohiyo ahakikiwe jinsi fanani wengine wanavyohakikiwa.

1.0 UTANGULIZI

Msafiri anayetoka katikati ya jiji la Nairobi kwa Barabara ya Thika, akaingia Outering Road kisha akashika Barabara ya Baba Dogo, hufika mahali ambapo viwanda na makazi vinapakana ukuta kwa ukuta. Majirani wa mtaa huu ni Lucky Summer, Ngomongo na Korogocho. Alfajiri, wanaume na wanawake husimama kwenye malango ya viwanda wakisubiri kuitwa kufanya kibarua. Jioni hurejea na ujira wa siku. Katika mitaa ya aina hii ndipo ukumbi wa video ulipopata hadhira yake: chumba cha mabati, mabenchi yasiyo na egemeo, televisheni moja iliyoinuliwa ili wote waone, na nje ubao ulioandikwa kwa chaki majina ya filamu za siku.

Kumbi hizo zimepungua tangu simu za mkononi na intaneti zilipoenea, lakini lugha iliyozaliwa humo bado ni hai. Miongoni mwa urithi wake ni kanuni moja ya uhakiki ambayo haimo katika kitabu chochote cha nadharia, nayo inajulikana na kila mtoto wa Eastlands: stelingi hafi. Stelingi ni mhusika mkuu, yule anayepigwa mwanzoni na kupiga mwishoni. Hadhira huvumilia kumwona akidhalilishwa kwa saa nzima kwa kuwa inajua kanuni haitavunjwa.

Bruce Lee ndiye stelingi wa mastelingi katika kumbi hizo. Hata hivyo, yeye mwenyewe alifariki akiwa na umri wa miaka 32, takriban mwezi mmoja kabla ya filamu yake kubwa zaidi kuanza kuonyeshwa Marekani. Je, jamii ya wasikilizaji inayoamini kwamba stelingi hafi hufanya nini na stelingi aliyekufa kweli? Na katika kulijibu swali hilo, inahifadhi nini na kupoteza nini? Haya ndiyo maswali yanayoongoza makala haya.

2.0 WASIFU NA SHUJAA: MAELEZO YA ISTILAHI

Wasifu ni maelezo ya maisha ya mtu yanayotolewa na mtu mwingine. Sharti lake la kwanza ni uaminifu kwa matukio. Masimulizi ya shujaa, kwa upande mwingine, yana uaminifu kwa ruwaza. Shujaa wa utendi wa Kiafrika huzaliwa kwa ishara, hutengwa au kukimbizwa na jamii yake, huwa na nguvu zipitazo za kawaida, hubeba siri ya udhaifu wake, na hufa kwa usaliti wa mtu wa karibu.

Mifano miwili inatosha. Fumo Liyongo, ambaye habari zake zilitungiwa utenzi na Muhamadi Kijumwa mwaka wa 1913, hashindwi na mkuki wala mshale. Huuawa na mwanawe mwenyewe kwa kuchomwa kitovuni na kitu cha shaba. Lwanda Magere wa Waluo, ambaye mwili wake ulikuwa jiwe, huangamizwa baada ya mke aliyetoka kwa maadui kugundua kwamba uhai wake umo kivulini. Wote wawili hawashindwi kwa nguvu, bali siri yao huvuja. Msomaji aikumbuke ruwaza hii, kwa maana itarejea.

3.0 MTOTO WA JUKWAANI

Bruce Lee alizaliwa tarehe 27 Novemba 1940 katika mtaa wa Wachina jijini San Francisco, Marekani. Baba yake, Lee Hoi-chuen, alikuwa mwigizaji wa opera ya Kikantoni aliyekuwa ziarani huko pamoja na kundi lake. Mwaka wa 1940 ulikuwa mwaka wa joka katika kalenda ya Kichina, na baadaye mtoto huyo akapewa jina la jukwaani ambalo maana yake ni Joka Mdogo. Hapa msimulizi wa mitaani hupata ishara ya kuzaliwa anayoihitaji, na kwa mara hii ishara yenyewe ni ya kweli.

Jambo lisilosimuliwa sana ni kwamba Bruce Lee alikuwa mwigizaji kabla ya kuwa mpiganaji. Alionekana katika filamu akiwa bado mtoto mchanga, na kufikia umri wa miaka 18 alikuwa ameigiza katika filamu takriban 20 za Hong Kong, mji ambao wakati huo ulikuwa koloni la Uingereza. Mafunzo ya kungfu ya mtindo wa Wing Chun aliyaanza akiwa kijana balehe chini ya mwalimu Ip Man. Mwaka wa 1958 alishinda mashindano ya densi ya cha-cha ya Hong Kong. Kwa hiyo, yule ambaye kumbini anafahamika kwa ngumi tu alijifunza mapema kuitawala miguu yake mbele ya watazamaji. Wepesi unaoshangiliwa katika filamu zake una mizizi katika jukwaa na densi kama ilivyo katika vita.

Hakuwa mwanafunzi mtulivu. Alipigana mara kwa mara barabarani, na wazazi wake, wakihofia mwisho mbaya, wakamrudisha Marekani kwa meli mnamo Aprili 1959. Katika ruwaza ya shujaa, huu ndio uhamisho. Katika wasifu, ni uamuzi wa wazazi waliochoka kuogopa. Na mzazi yeyote wa Baba Dogo aliyewahi kumpeleka kijana wake kwa jamaa mashambani ili kumtenga na kundi baya atauelewa bila maelezo zaidi.

4.0 MWALIMU KABLA YA STELINGI

Huko Seattle, Bruce Lee alifanya kazi katika mkahawa wa Ruby Chow huku akikamilisha masomo ya sekondari, kisha akajiunga na Chuo Kikuu cha Washington mwaka wa 1961, ambako alisoma tamthilia na falsafa. Ili kupata riziki alianza kufundisha kungfu. Mwanafunzi wake wa kwanza alikuwa Jesse Glover, Mmarekani mweusi aliyekuwa mchezaji wa judo. Msaidizi wake mkuu katika shule ya Seattle, Taky Kimura, alikuwa Mmarekani mwenye asili ya Kijapani. Shule yake ilimpokea yeyote aliyetaka kujifunza, wakati ambapo walimu wengi wa Kichina walisita kuwafundisha watu wa jamii nyingine, na wakati ambapo Wamarekani weusi walikuwa bado wanapigania haki za kimsingi nchini mwao.

Mwaka wa 1963 alichapisha kitabu kuhusu falsafa na mbinu za kungfu. Mwaka wa 1964 alimwoa Linda Emery, akafungua shule ya pili mjini Oakland pamoja na James Yimm Lee, na mwezi Agosti akaonyesha ustadi wake katika mashindano ya karate ya Long Beach. Onyesho hilo ndilo lililomfungulia mlango wa televisheni. Kati ya 1966 na 1967 aliigiza kama Kato, dereva na msaidizi wa stelingi, katika vipindi 26 vya The Green Hornet.

Umaarufu wa Kato ulileta kishawishi. Wafanyabiashara walimjia na pendekezo la kuanzisha msururu wa shule za kujihami kote nchini zikibeba jina la Kato. Zingemletea fedha nyingi. Alikataa, kwa kuwa hakuamini kwamba sanaa yake ingeweza kufunzwa kwa wingi kama bidhaa ya kiwandani na walimu asiowajua. Mwaka wa 1967 aliipa njia yake mwenyewe jina la Jeet Kune Do, akaifundisha Los Angeles kwa wanafunzi wachache, baadhi yao wakiwa waigizaji mashuhuri kama Steve McQueen na James Coburn. Kwa masomo ya faragha alifikia kutoza dola 275 kwa saa. Mjasiriamali huyu, basi, alijua kutoza na alijua pia kukataa.

5.0 JERAHA NA DAFTARI

Tarehe 13 Agosti 1970, Bruce Lee alijiumiza mgongo akifanya mazoezi ya kuinua vyuma. Madaktari walimwambia kwamba mshipa wa fahamu wa sehemu ya chini ya mgongo ulikuwa umeumia, na kwamba huenda asiweze tena kupiga mateke. Alilazwa kitandani kwa miezi kadhaa. Alikuwa na mke na watoto wawili, na majukumu makubwa ya uigizaji yalikuwa hayajaja. Linda alitafuta kazi ya jioni ya kupokea simu ili familia ipate chakula, naye Bruce, mgongo uliporuhusu, akabaki nyumbani na watoto.

Katika kipindi hiki alisoma na kuandika. Alijaza madaftari kwa michoro na maelezo ya mapigano, mazoezi ya viungo na falsafa. Maandishi hayo, pamoja na mengine ya kabla yake, yalikusanywa baada ya kifo chake na kuchapishwa mwaka wa 1975 kwa jina la Tao of Jeet Kune Do. Baadaye alirejea kupiga mateke, ingawa maumivu ya mgongo hayakumwacha kabisa.

Katika kumbi za video miezi hii haipo. Haina picha zinazosonga, na mtu aliyelala kitandani akiandika si kivutio cha Jumamosi jioni. Hata hivyo, kifasihi, hiki ndicho kitovu cha maisha yake. Hapa shujaa ana udhaifu usio wa siri wala wa kichawi: uti wa mgongo kama wa kuli yeyote aliyebeba gunia zito vibaya. Hapa pia mpiganaji anageuka mwandishi, na mke anayefutwa katika masimulizi ndiye anayeishikilia nyumba.

6.0 FILAMU TATU NA UMILIKI WA KAZI

Baada ya Hollywood kuendelea kumpa nafasi ndogondogo, Bruce Lee alitia saini mkataba na Golden Harvest, kampuni changa ya Raymond Chow huko Hong Kong, kuigiza filamu mbili kwa jumla ya dola 15,000. Filamu hizo pamoja na ile iliyofuata zinastahili kusomwa kwa makini.

The Big Boss (1971) inasimulia habari za kijana mhamiaji, Cheng Chao-an, anayekwenda Thailand kufanya kazi katika kiwanda cha barafu. Amemwahidi mamaye kwamba hatapigana, na amevaa kidani shingoni kama kumbukumbu ya ahadi hiyo. Wafanyakazi wenzake wanaogundua dawa za kulevya zilizofichwa ndani ya barafu wanatoweka mmoja baada ya mwingine. Wengine wanapogoma, mwenye kiwanda anampandisha Cheng cheo kuwa nyapara na kumlewesha kwenye karamu, ili sauti yake itumike kuwatuliza wenzake. Mhakiki anayeiangalia filamu hii akiwa Baba Dogo, hatua chache kutoka malango ya viwanda, hana haja ya kuambiwa nyapara ni nani wala cheo cha ghafla hununua nini. Chini ya mateke ya filamu hii mna simulizi ya kibarua, deni la undugu na bei ya kunyamaza.

Fist of Fury (1972) inatokea Shanghai mwanzoni mwa karne ya 20. Chen Zhen analipiza kisasi cha mwalimu wake dhidi ya Wajapani. Katika onyesho mashuhuri, anazuiwa kuingia bustanini penye kibao kinachowapiga marufuku mbwa na Wachina, naye anakivunja kibao hicho kwa teke. Kwa hadhira ya Nairobi, jiji ambalo chini ya ukoloni lilikuwa na hoteli na vitongoji ambavyo Mwafrika hakuruhusiwa ila kama mtumishi, teke hilo halihitaji tafsiri.

Filamu hii, hata hivyo, inavunja kanuni ya kumbi. Mwishoni Chen Zhen anajitoa kwa askari, kisha anakimbia na kuruka kuelekea bunduki zilizoelekezwa kwake. Picha inasimama akiwa hewani, milio ya risasi inasikika, na filamu inaisha. Stelingi amekufa, lakini mwili wake hauanguki. Anayeujua utenzi wa Liyongo ataona undugu wa ajabu: Liyongo aliyechomwa hufia kisimani akiwa amepiga goti na upinde wake ukiwa umevutwa, hata watu wa mji wakaogopa kukaribia maji wakidhani yu hai. Tungo zote mbili zinakiri kifo na papo hapo kumnyima adui ushahidi wa kushinda. Pengine hii ndiyo maana ya ndani ya stelingi hafi: kwamba hafi akiwa amelala.

Way of the Dragon (1972) iliandikwa na kuongozwa na Bruce Lee mwenyewe, naye ndiye mhusika mkuu. Anaigiza kama Tang Lung, mshamba anayefika Roma kuusaidia mkahawa wa jamaa unaotishwa na majambazi, bila kujua lugha ya wenyeji. Filamu hii ilitolewa chini ya Concord, kampuni aliyoianzisha kwa ubia na Raymond Chow. Kila moja ya filamu hizi tatu ilivunja rekodi ya mapato ya Hong Kong iliyowekwa kabla yake. Katika muda wa takriban miaka miwili, mtu aliyekuwa akilipwa ujira kwa filamu akawa mshirika katika mapato. Enter the Dragon (1973), iliyogharimu takriban dola 850,000, ilitayarishwa na Warner Bros. kwa ushirikiano na Concord. Wakati huu hakuitwa Hollywood kama dereva wa stelingi. Alikwenda kama stelingi na mshirika wa biashara.

7.0 KIFO NA UZUSHI WAKE

Mnamo Mei 10, 1973, Bruce Lee alianguka na kuzirai akiwa kazini katika studio ya Golden Harvest. Ubongo wake ulikuwa umevimba. Tarehe 20 Julai mwaka huohuo alimeza kidonge cha maumivu ya kichwa katika nyumba ya mwigizaji mwenzake, akalala, wala hakuamka. Uchunguzi wa mahakama uliofanyika Hong Kong mwezi Septemba ulihitimisha kwamba kilikuwa kifo cha bahati mbaya, na maelezo yaliyopewa uzito ni kwamba mwili wake uliathiriwa na dawa iliyokuwa kwenye kidonge hicho. Alizikwa Seattle. Madaktari na waandishi wameendelea kutoa maelezo mengine ya kitabibu hadi leo.

Mitaa haikuridhika na kidonge. Kuanzia Hong Kong hadi Afrika Mashariki kulienea uvumi kwamba aliwekewa sumu na wapinzani, kwamba aliguswa mguso wa siri unaoua baada ya siku kadhaa, kwamba mwanamke alitumiwa kumwangamiza, kwamba ukoo wake ulilaaniwa. Laana hiyo ilipata nguvu zaidi mwanawe Brandon, naye mwigizaji, alipouawa kwa ajali ya bunduki akiigiza filamu tarehe 31 Machi 1993.

Ukiupanga uvumi huu, utaiona ruwaza iliyotajwa mwanzoni. Sumu ya wapinzani ni hila ya mfalme wa Pate. Mwanamke aliyetumwa ni mke wa Lwanda Magere. Mguso wa siri ni kitovu cha Liyongo. Wasikilizaji hawakudanganywa, walitunga. Walipewa kifo kisicho na maana, nao wakakipa maana kwa nyenzo walizorithi. Kifasihi, huo ni ubunifu wa kuheshimiwa. Kiwasifu, ni upotevu.

8.0 FANANI WA KUMBI ZA VIDEO

Anayeyafikisha masimulizi haya kwa hadhira ni msimulizi wa filamu. Nchini Kenya anayefahamika zaidi ni DJ Afro, ambaye husimulia filamu za kigeni kwa Kiswahili kilichochanganywa na Sheng'. Nchini Tanzania jina kubwa lilikuwa la Derek Gaspar Mukandala, maarufu kama Lufufu. Uganda ina wasimulizi wake wa Kiganda, na katika filamu za Wakaliga, Kampala, sauti ya msimulizi VJ Emmie imekuwa sehemu ya kazi yenyewe. Mojawapo ya filamu hizo, Who Killed Captain Alex? (2010) yake Isaac Nabwana, ina mpiganaji wa kungfu anayeitwa Bruce U. Jina hilo peke yake ni ushahidi wa ukoo wa kifasihi.

Msimulizi wa filamu si mkalimani. Kwanza, huwapa wahusika majina na tabia zinazofahamika mtaani, hata jambazi wa ng'ambo akawa kama mtu wa mtaa wa pili. Pili, hutumia takriri, chuku, misimu na kejeli. Tatu, huijaza mianya: pale wahusika wanaponyamaza, yeye huwapa mawazo. Nne, huielekea hadhira moja kwa moja, akaionya na kuitania. Hizi ni sifa zilezile zinazofundishwa darasani kuhusu mtambaji wa ngano. Tofauti ni kwamba mtambaji huumba picha kwa maneno, ilhali huyu hukuta picha zimeumbwa na akaziumbia maneno. Pengine uhusiano wake na filamu unafanana na ule unaotajwa na jina la mtaa wenyewe: baba mdogo, ambaye hakumzaa mtoto lakini anamlea, na mtoto anakua akizungumza kwa sauti yake.

9.0 KILICHOPOTEA

Kama msimulizi ni mlezi, basi ana wajibu. Masimulizi ya kumbini huhifadhi ngumi, hasira ya haki na kifo cha ajabu. Hupoteza mambo manne: mwalimu aliyempokea Jesse Glover, miezi ya kitandani, madaftari, na mkataba wa Concord. Kijana wa Baba Dogo anayependa kungfu hupewa mwisho wa safari bila njia yake. Huambiwa kwamba Bruce Lee alizaliwa na nguvu, wala haambiwi kwamba alisoma, alifundisha kwa malipo, alikataa fedha za haraka, aliumia, akaandika, na hatimaye akadai sehemu yake katika kazi iliyotokana na jasho lake.

Jambo hili la mwisho lina uchungu wa pekee. Baada ya kifo chake, watayarishaji waliwatafuta waigizaji waliofanana naye na kuwapa majina kama Bruce Li na Bruce Le. Filamu aliyoiacha bila kukamilika, Game of Death, ilitolewa mwaka wa 1978 kwa kutumia watu wa kujifanya yeye, na hata picha halisi za mazishi yake zikaingizwa ndani. Soko nalo liliamini kwamba stelingi hafi, ila kwa sababu zake. Binti yake, Shannon Lee, ametumia miaka mingi kuurejesha usimamizi wa jina na sura ya babaye, na mwaka wa 2019 kampuni ya familia iliishtaki nchini China kampuni moja ya migahawa kwa kutumia sura hiyo katika nembo yake.

Hapa fanani wa kumbi naye hupatwa na swali gumu. Anamsifu mtu aliyepigania umiliki wa kazi yake, ilhali mara nyingi kazi anayoisimulia imenakiliwa bila ruhusa. Papo hapo, usimulizi wake mwenyewe, ambao ni utunzi wa Kiswahili, hunakiliwa na kuuzwa na wengine bila yeye kupata chochote. Yeye ni mnyang'anyi mdogo na mnyang'anywa kwa wakati mmoja. Hakuna faida kumhukumu kwa haraka. Lililo muhimu ni kukubali kwamba usimulizi ni kazi ya sanaa yenye mtunzi. Na mtunzi akishatambuliwa, mjadala wa haki zake na wa wajibu wake unaweza kuanza.

10.0 HITIMISHO

Makala haya yameonyesha kwamba maisha ya Bruce Lee yanaishi Eastlands kwa sura mbili, na kwamba sura ya utendi imeielemea sura ya wasifu. Hakuna haja ya kuiua mojawapo. Utendi humpa kijana ujasiri wa kuvunja kibao kinachomdhalilisha. Wasifu humwonyesha nini cha kufanya kesho yake asubuhi. Idara za Kiswahili zimetumia miongo mingi kukusanya tendi na ngano za vijijini, na ni vyema. Wakati umefika kukusanya pia sauti za wasimulizi wa filamu, kwa kuwa kumbi zinafungwa na kanda za zamani zinaharibika. Mtafiti anayetafuta uwanja hana haja ya kusafiri mbali: Barabara ya Baba Dogo iko pale pale.

MASWALI YA MJADALA

1. Linganisha vifo vya Fumo Liyongo, Lwanda Magere na Chen Zhen. Kila kifo kinaifunza nini jamii ya wasikilizaji?
2. "Msimulizi wa filamu ni fanani bali si mtunzi." Jadili kauli hii ukitoa mifano kutoka kwa usimulizi mmoja uliousikiliza.
3. Chagua miezi ya jeraha ya Bruce Lee (1970) na uitungie simulizi fupi ya Kiswahili inayoweza kuishikilia hadhira ya ukumbi wa video bila kutumia pigano hata moja.
4. Je, mhakiki ana haki ya kumdai fanani ukweli wa kihistoria? Tetea msimamo wako.